Programu ya mazishi ni kitabu cha historia, tuache kuitupa

Mhariri,

Naomba nafasi kwenye gazeti lako niongee juu ya kitu ambacho karibu kila boma huku magharibi mwa Kenya limewahi kuchapisha na karibu kila boma linakitupa, yaani programu ya mazishi. Kile kijitabu unapewa ukifika kwenye tenti, mbele kuna picha ya marehemu na tarehe zake mbili, ndani kuna historia yake, majina ya watoto na wajukuu, utaratibu wa ibada na nyimbo, nyuma familia inashukuru watu. Kazi yangu ni kutaipu na kuchapa hapa Nakuru mjini, na Jumatano na Alhamisi ndo siku zetu za pilkapilka maanake mwili unatoka mochari Ijumaa, msafara unapanda mpaka Mau Summit, wa Kisumu wanakata kuelekea Kericho, wa Bungoma na Busia wanaenda na Eldoret, Jumamosi watu wanazika. Kwa hivyo hizi programu nazijua kutoka ndani, nimesoma nyingi kuliko vitabu vya dukani, na nimefika mahali naamini kabisa kwamba kwa familia nyingi za kwetu hicho ndicho kitabu cha pekee kitakachowahi kuandikwa juu ya huyo mtu. Hakuna kingine kinakuja.

Sasa rudi kwenye hilo boma Jumapili asubuhi. Watu wa tenti wanakunja vyuma vyao, programu ziko kwenye nyasi zimekanyagwa na matope, zingine watoto wanatengenezea ndege, zingine zinawashia moto wa chai. Nimewahi kukuta moja niliyoichapa mwenyewe imefungiwa njugu stendi ya matatu. Siwalaumu wafiwa, mtu aliyezika jana hana nguvu za kufikiria makaratasi. Lakini mwaka ukipita simu zinaanza kuingia dukani, mjukuu anataka kujua babu alizaliwa kijiji gani, wakili anataka majina ya watoto wote, mtu ameenda kutafuta kitambulisho ameulizwa kwao ni wapi na baba ya baba yake ni nani, na wanauliza kama ile faili bado tuko nayo. Mara tuko nayo, mara kompyuta ilishakufa nayo.

Watu wengi ukiwaambia kitabu cha historia wanafikiria kazi ya maprofesa, na hao maprofesa wetu walifanya kazi kubwa, nawaheshimu sana. Hata kabla yao, Paul Mboya akiwa chifu Karachuonyo alichapisha kitabu cha mila na desturi za Wajaluo kwa Dholuo mwaka wa 1938. Bethwell Ogot, mtoto wa Gem aliyetuacha Januari 2025 akiwa na miaka 95, na Gideon Were, wote wawili walitoa vitabu vyao mwaka wa 1967, Ogot historia ya Wajaluo na Were historia ya Waluhya, na waliyatoa mengi kwenye midomo ya wazee, walizunguka vijijini wakauliza wakaandika, enzi ambayo wasomi kadhaa wa Ulaya walikuwa bado wanasema Afrika haina historia kwa sababu haikuandikwa. Bila hiyo kazi tungekuwa maskini. Ila ukivisoma hivyo vitabu utapata koo zilitoka wapi, ufalme wa Wanga na mfalme wao Nabongo Mumia, Wabukusu walivyopigana na Waingereza kwenye ngome za Lumboka na Chetambe mwaka wa 1895, lakini mama yako aliyeuza omena soko la Kibuye Kisumu hadi mkasoma nyote hayuko humo, na hawezi kuwa, profesa hawezi kuandika kila mtu. Kazi ya kuandika kila mtu ni ya nyumba yake.

Na jina lisipoandikwa kinachotokea sisi watu wa huku tunakijua. Vita vya kwanza vya dunia, 1914 hadi 1918, vijana wetu walichukuliwa kwa maelfu kubeba mizigo ya jeshi la Waingereza lililokuwa linapigana na Wajerumani kule ambako sasa ni Tanzania, hiyo ndo Kariakor ambayo jina lake limebaki kwenye soko la Nairobi na lile la Dar es Salaam. Wengi hawakufa na risasi, walikufa na kuhara, malaria na njaa. Mwaka wa 2021 tume ya Jumuiya ya Madola inayotunza makaburi ya vita ilitoa ripoti ikakubali yenyewe kwamba watu kati ya 45,000 na 54,000, wengi wao Waafrika na Wahindi, hawakuwekewa kumbukumbu sawa na wenzao, na wengine wasiopungua 116,000, pengine hata 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, majina yao hayakuwekwa popote ama hawakukumbukwa kabisa. Kwa ukoo wetu kuna mmoja alienda hakurudi. Jina lake tunalo kwa sababu lilipewa mtoto aliyezaliwa baadaye, lakini mwaka hatuna, kikosi hatuna, kaburi hatuna, na waliomwona akitoka nyumbani wote walishakufa. Nikiwa nataipu historia ya mzee wa watu usiku wa Alhamisi huwa namfikiria sana huyo.

Wazee wetu walikuwa na njia zao, hilo tusisahau. Wabukusu wana omuswale kumuse, mzee anayesimama siku chache baada ya mazishi ya mzee mwenzake, fimbo mkononi, anatembea katikati ya watu akisimulia ukoo, mahali watu walitoka, marika, vita na mashujaa, na anawaonya walio hai juu ya tabia zao. Manguliechi alijulikana kote Bungoma na mbali kwa hiyo kazi na watu walimrekodi. Lakini kumuse haifanyiwi kila mtu, ni ya wazee wa heshima, na wanaoijua wanazidi kupungua. Sisi wengine tuliobaki tunapata dakika chache za emsii kusoma historia ya marehemu, tena anasoma mbiombio kwa sababu mawingu yametanda na wanasiasa wanangoja maiki.

Wacha nitoe mfano mmoja kwa kirefu. Kuna familia ilikuja dukani na historia ya mzee wao, nusu ukurasa, ya Kiingereza, na kuhusu kazi ilisema tu alifanya Reli hadi akastaafu, basi. Picha walikuwa nazo rundo na walitaka zote ziingie. Nikamuuliza kifungua mimba, mzee alifanya kazi gani huko Reli? Akasema alianza fayaman, yule wa kuchochea moto wa injini, halafu akawa dereva. Kutoka wapi mpaka wapi? Hapo akanyamaza kidogo, akatoa kwa mfuko wa karatasi daftari moja kubwa la jalada gumu, walikuwa wamekuja nalo kwa sababu namba ya pensheni ilikuwa humo. Mhariri, hilo daftari! Mzee alikuwa ameandika kwa kalamu ya wino stesheni za kutoka Nakuru hadi Kisumu, Njoro, Elburgon, Molo, Mau Summit, Londiani, Lumbwa ambayo baadaye aliifuta akaandika Kipkelion, Fort Ternan, Koru, Muhoroni, Chemelil, Kibigori, Miwani, Kibos, na pembeni ya zingine ameweka alama mahali injini ilikuwa inajazwa maji. Ameandika siku aliyopewa nyumba kwenye landhi za Nakuru na namba ya mlango, karo ya mtoto wa kwanza, nani alimkopesha, alimlipa lini. Mwaka wa 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika kuna ukurasa mzima, amepanga majina ya wenzake Waganda na Watanzania ambao walikuwa wanarudi kwao, na chini yake ameandika hajui wataonana tena lini. Mwaka uliofuata ameandika kwa herufi kubwa KENYA RAILWAYS na akapiga mstari chini.

Reli ilifika Kisumu Disemba 1901, na vitabu vya reli vinakumbuka hadi jina la mke wa mhandisi, ndo mji ukaitwa Port Florence. Mtu aliyekuwa anawasha ile injini alfajiri ili watu wafike Kisumu, yeye yuko kwenye daftari moja ndani ya mfuko wa karatasi. Tukakubaliana na familia tupunguze picha, tukaongeza kurasa mbili, tukaweka stesheni zote na ile habari ya 1977. Baadaye niliambiwa ilipokuwa inasomwa pale bomani wazee wawili waliofanya kazi na yeye walisimama wakaanza kuongezea, huyu anasema kulikuwa na ajali pale Koru ameisahau, yule anasema hapana hiyo ilikuwa mbele ya Koru, na mjukuu mmoja akachukua kalamu akawa anaandika kwenye ukingo wa programu. Hiyo nakala yenye maandishi ya kalamu ndo niliwaambia waiweke vizuri kuliko zote.

Kwa akina mama mambo ni mabaya zaidi na hapa nakasirika. Historia ya mama mara nyingi ni mistari sita. Alikuwa mke wa fulani, mama mwenye upendo, mcha Mungu, mkulima hodari, mwanachama wa chama cha kina mama kanisani. Ukisoma programu mia za namna hiyo huwezi kumtofautisha mama huyu na yule. Jina la baba yake unaweza kulipata, jina la mama yake karibu halipo kabisa, shule aliyoiacha darasa la nne ili ndugu zake wasome haitajwi, wala biashara aliyoifanya. Mimi sasa akija mtu na mistari sita ya mama yake nampa kiti, namuuliza, mama alitoka ukoo gani, alipoolewa alikuja na miguu ama na gari, alipanda nini, aliuza wapi, wakunga gani walimzalisha, nani alimfunza kusoma Biblia kama alisoma. Mtu anaanza kwa kusema hajui, halafu anapigia shangazi simu, na kabla ya saa moja kuisha tumepata kurasa mbili za kweli. Shangazi zetu wanajua kila kitu, hakuna mtu huwa anawauliza tu.

Halafu kuna mambo ya tarehe, hayo yanasumbua karibu kila familia. Wazee wengi kwenye kitambulisho mwaka wa kuzaliwa ni ule karani alikadiria. Lakini mwaka unaweza kutafutwa. Nyanya mmoja watoto wake walikuwa wameandika 1925, lakini mdogo wake ambaye bado alikuwa hai akasema siku zote waliambiwa dada yao alizaliwa msimu ule nzige walimaliza mtama na wazungu wakawa wanamiminika Kakamega kutafuta dhahabu. Sasa nzige walituvamia 1931 na dhahabu ya Kakamega iligunduliwa mwaka huohuo, wazungu wakajaa kuingia 1932, kwa hivyo huyo nyanya hakuzaliwa 1925, na familia ilifurahi kuona siku ya kuzaliwa ya mama yao imeunganishwa na kitu ambacho kiko kwenye vitabu. Mafuriko ya Uhuru ya 1961 kuingia 1962, Ziwa Victoria lilipopanda watu wakahama, hayo nayo wengi wanayakumbuka, na sensa ya 1948 pia. Kwa wanaume wa Kibukusu kuna tohara, inafanywa kila mwaka wa namba shufwa na marika ni manane yanayozunguka, Kolongolo, Kikwameti, Kananachi, Kinyikewi, Nyange, Maina, Chuma na Sawa, mzee akikwambia rika lake na alitahiriwa pamoja na kina nani unarudi nyuma unafika karibu kabisa na mwaka wake.

Na kuna karatasi ambazo zipo na hatuzifuati. Kila parokia ya Katoliki ina kitabu cha ubatizo, kinaandikwa tarehe, wazazi na msimamizi, na huyo mtu akija kufunga ndoa hata parokia ya mbali taarifa inatakiwa irudishwe iandikwe pembeni ya jina lake kwenye kitabu kilekile cha kwanza. Maana yake ukimpata babu kwenye ubatizo unaweza kumpata na harusi yake palepale. Misheni za huku kwetu ni za zamani, wamisionari wa Friends, yaani Quaker, kutoka Marekani walifika Kaimosi 1902, shule ya Maseno ilianza 1906, na mahali kulikuwa na misheni kulikuwa na rejista. Serikali nayo ina hifadhi ya kumbukumbu za kitaifa Nairobi, na vituo vyake vya huku viko Nakuru, Kisumu na Kakamega. Nenda kabla hamjafiwa, wakati mzee mwenyewe bado anaweza kukwambia jina la ubatizo na jina la mwalimu wake.

Kuna jambo gumu lazima nilitaje. Programu nyingi zinaficha. Mke wa kwanza aliyeachana na mzee hayupo, mtoto wa nje hayupo, watoto waliokufa wadogo wameachwa kama hawakuzaliwa, binti walioolewa wameandikwa kwa jumla eti na mabinti watatu. Naelewa aibu, naelewa mvutano wa shamba pia, na mambo ya urithi yakianza programu huwa inatolewa kwa bahasha kuonyesha nani alitambuliwa na nani hakutambuliwa. Lakini ninyi mnaoandika jueni hicho kijitabu kitasomwa na mtu ambaye hajazaliwa, hana ugomvi na mtu yeyote, anataka tu kujua yeye ni damu ya nani. Mwekeeni majina yote. Mama mmoja aliniambia nimwandikie mtoto wake aliyekufa na surua akiwa wa wiki chache, jina na mwaka, basi, na alishika hiyo karatasi ilipotoka kwa printa muda mrefu kabla hajaipeana kwa wengine.

Wengine wataniambia siku hizi kila kitu kiko kwa simu, kuna grupu ya WhatsApp ya familia, picha ziko huko. Ziko huko hadi simu iibwe ama namba ibadilishwe, na historia yenyewe imezama chini ya salamu za asubuhi na risiti za mchango. Kitu kilichochapwa kina nguvu moja ambayo watu hawaifikirii, kimesambaa. Baada ya uchaguzi wa 2007 nyumba zilipochomwa hapa Nakuru, Molo, Kisumu, Eldoret, watu walipoteza vyeti, picha za harusi, vitabu vya ubatizo, kila kitu kilichokuwa kwa sanduku. Budalang'i mto Nzoia ukivunja kingo watu wanaokoa watoto na mbuzi, sanduku linaenda. Lakini programu ilichapwa nakala mia mbili ama mia tatu, zikaenda kwa wakwe, kwa marafiki wa kazini, kwa kanisa lingine, na nimeona familia iliyochomewa kila kitu ikapata picha ya pekee ya baba yao kwenye programu iliyokuwa imewekwa na mkwe huko Siaya ndani ya Biblia. Tuliiskani hiyo, ikarudi.

Mambo ya karatasi nayo niseme kidogo kwa sababu ni kazi yangu. Ukitaka nakala za kuweka, ziombe zitoke kwa printa ya leza, tona yake inayeyushwa ikashikana na karatasi na haitoki kwa maji, zile printa za wino wa maji zinapendeza siku hiyo lakini tone moja la mvua na uso wa marehemu unaenda. Usipake laminesheni nakala ya kuweka. Usiifunge kwa karatasi ya nailoni huku karibu na ziwa, unyevu unabaki ndani na ukungu unaanza. Pini za stepla zinapata kutu na kutu inakula karatasi, tushonee kwa uzi, haigharimu pesa ya maana. Weka juu, mbali na ukuta na sakafu kwa ajili ya mchwa, na mbali na moshi wa jikoni. Halafu kila baada ya miaka kadhaa kusanya zote za ukoo, babu, nyanya, ami, shangazi, zipange kwa miaka, ziletwe zibaindiwe pamoja kwa jalada gumu na mbele kuwe na orodha ya majina na ukurasa. Kuna ukoo mmoja wa Emuhaya tuliwafanyia hivyo na sasa wako na kitabu kinene kinachoanzia miaka ya sabini, ukikifungua unaona kaka alikufa kabla ya mjomba, nani alizikwa wapi, vijana walianza kwenda mjini mwaka gani, magonjwa yalibadilika vipi, hata majina ya watoto yalivyobadilika. Hakuna profesa alihusika hapo.

Ombi langu kubwa liko kwa serikali za kaunti. Katiba ya 2010 kwenye Jedwali la Nne iliweka maktaba na makavazi kwenye kazi za kaunti, kwa hivyo hili halihitaji kusubiri Nairobi. Vitabu vya kawaida vina sheria yake, mchapishaji anatakiwa apeleke nakala mbili kwa msajili, na huduma ya maktaba ya kitaifa ndo inatoa ile namba ya ISBN inayoanza na 978, ya Kenya inafuatwa na 9966 ama 9914. Programu ya mazishi haina namba na hakuna mtu anaidai popote. Naomba maktaba ya Nakuru, ya Kisumu, ya Kakamega, kila moja itenge kabati moja la historia ya nyumbani, lipokee programu za mazishi, vijitabu vya kuadhimisha miaka ya shule na makanisa, historia za koo zilizochapwa kwa saiba, daftari za wazee kama familia inakubali ziskaniwe na asili irudishwe kwa mwenyewe. Kwa Kiswahili, kwa Dholuo, kwa Kiluhya, kwa Kigusii, kwa Kikalenjin, zote. Familia isaini kwamba imekubali, na kama haitaki sehemu ya ugonjwa isomwe na kila mtu hiyo sehemu ifunikwe, tusiaibishe watu. Karani mmoja na rejista ya jalada gumu inatosha kuanza, jina, mwaka, kijiji, ukoo, kazi. Mwanafunzi wa Egerton ama wa Maseno akitaka kuandika juu ya wafanyakazi wa reli ama wauza samaki ama wafanyakazi wa mashamba ya miwa Miwani na Muhoroni atapata pa kuanzia, saa hii anaanza na vitabu vilevile vya mkoloni.

Kaunti yetu ikiita wananchi kutoa maoni ya bajeti nitaenda kulisema hilo la kabati, na naomba wachapaji wenzangu wa Kisumu, Kakamega, Bungoma na Busia wasimame kwa kaunti zao, maanake sisi ndo tunaona hizi karatasi kabla ya mtu mwingine yeyote. Nakala za kuanzia hazitakosa. Hapa dukani kuna boksi za zile zilizobaki baada ya kuchapa, nimeanza kupigia familia simu moja moja kuomba ruhusa, na mpaka sasa wengi wamekubali, kuna hata walioniuliza kama wanaweza kuongeza ukurasa mmoja kwanza kabla haijaenda.

Ni mimi mchapaji,
Nakuru mjini